Namna ya Kuamsha Faili Lililolala: Mwongozo kwa Asiyejua

Kama umekuja Marikiti, soko letu la Mombasa, kununua bizari, mwongozo huu si wako. Ingia ndani, usikubali bei ya kwanza, na ukipaliwa na pilipili usione haya, hata wauzaji hupaliwa. Huu ni wa yule anayelipita soko bila kulitazama, akishuka kuelekea Fort Jesus na bahasha ya kaki kwapani. Ndugu yake aliuawa, faili likafunguliwa, faili likalala, na leo ameamka na azma moja: anakwenda kotini kuomba upelelezi uanze upya.

Hongera. Pia pole. Kaa kwanza, unywe kahawa.

Juzi nilikutana na mmoja wenu kwenye kibanda cha kutoa kopi, uchochoro wa nyuma ya soko. Mama wa makamo, buibui limempauka mabegani. Alitoa mfuko wa nailoni wa buluu, ule wa zamani wenye mikono. Mifuko ile ilipigwa marufuku Kenya Agosti 2017, kwa hiyo kabla hajafungua mdomo nilikwishajua umri wa shida yake. Ndani mlikuwa na kibali cha mazishi, barua moja ya kituo cha polisi, risiti ya mochari, na kipande cha gazeti ambacho pembeni mtu aliandika kwa biro namba ya OB, kitabu cha matukio cha polisi.

"Mwanangu, nitolee tatu tatu."

"Shilingi tano kila upande, mama." Kijana akainua ile risiti akaielekeza kwenye taa. "Lakini hii haitoki. Wino umekufa. Hata tarehe haionekani."

Mama akaitaja tarehe. Akataja siku ya wiki. Akaongeza kwamba ilikuwa baina ya magharibi na isha, watu bado wako msikitini.

"Mashine haisikii, mama," kijana akasema, kwa upole.

Nikamuuliza, akishapata kopi, anazipeleka wapi? "Kwa jaji," akanijibu. "Nimwambie afungue." Hapo ndipo nilipoona haja ya kuandika haya.

La kwanza, ambalo hakuna atakayekwambia mpaka umeshalipa nauli ya tuktuk: jaji hapelelezi. Hana pikipiki, hana maabara, hana kijana wa kumtuma Likoni akaulize nani alikuwa wapi usiku ule. Wanaopeleleza ni polisi, kupitia idara yao ya upelelezi, DCI. Anayeamua nani ashtakiwe ni Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, DPP. Katiba ya 2010 iliwapanga hawa kwa ustadi wa fundi wa milango ya Mji wa Kale. Ibara ya 245 inasema hakuna mtu wa kumwelekeza Inspekta Jenerali wa Polisi kuhusu upelelezi wa kosa fulani. Ibara ya 157 inasema DPP anaweza kumwagiza apeleleze, naye sharti atii. Yaani mlango umekomewa kwa ndani, na ufunguo wa komeo uko nyumba ya jirani. Wewe uko barazani.

Basi unapokwenda kwa jaji huendi kumwomba afungue faili. Unamwomba amsukume mwenye faili atimize kazi anayolipwa. Na swali la kwanza atakalokuuliza, tena kwa adabu, ni hili: wewe mwenyewe ulimwomba? Lini? Alijibu nini? Ukisema ulikwenda kituoni mara tisa na mara zote afande alikwambia urudi Jumatatu, jaji atakusikitikia, kisha atakwambia hakuna kitu mbele yake. Andika barua kwa DPP. Mpe nakala mkuu wa DCI wa mahali pako. Nakala ya tatu ibaki kwako, na juu yake upigwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Barua isiyogongwa muhuri ni shairi tu, hata kama ina vina.

Tena kuna sheria ambayo watu wa baraza hawaizungumzii kabisa: Sheria ya Kupata Habari ya 2016. Ofisi ya umma ukiiomba habari kwa maandishi, ina siku 21 kukujibu. Ikikaa kimya unaweza kulalamika kwa Tume ya Haki ya Utawala. Wataweza kukwambia mambo ya upelelezi ni siri, na sheria inawaruhusu. Lakini "tumekataa kwa sababu hii na hii" ni karatasi. Karatasi hutolewa kopi, na jaji huisoma. Kimya hakitolewi kopi.

Angalizo la njiani: ukishuka kule chini ukajikuta ndani ya jengo zuri la kale, kuta nene, feni inazunguka, na hakuna anayekuuliza namba ya kesi, umekosea. Hiyo ni mahakama ya zamani iliyojengwa 1902, na sasa iko mikononi mwa Makavazi ya Taifa. Wapo watakaokwambia huko ndiko kesi yako inakoelekea hata hivyo. Usiwasikilize, angalau kwa leo.

Sasa fungua mfuko wako tuone faili lako ni la aina gani, maana yote hulala lakini hayalali usingizi mmoja.

Kama kulikuwa na mshtakiwa na kesi ikaisha, tafuta neno moja katika uamuzi: huru. Magazeti yetu hulitupa ovyo, lakini kotini lina uzito wa nanga. Upande wa mashtaka ukiiondoa kesi chini ya kifungu cha 87(a) cha sheria ya taratibu za kesi za jinai, kabla mshtakiwa hajaitwa kujitetea, mtu huachiliwa tu. Kesho ukipatikana ushahidi anaweza kurudishwa kizimbani, na hapo barua yako kwa DPP ina maana. Lakini jaji akishasikiliza mashahidi, akapima, akamwachilia huru, basi. Ibara ya 50 inakataza mtu kushtakiwa mara ya pili kwa kosa lile lile. Hata akija Marikiti akasimama juu ya mkokoteni na kutangaza ni yeye. Waingereza, ambao ndio waliotuachia sheria hiyo, wao walikwishailegeza mwaka 2003. Kwa ajili hiyo mmoja wa waliomuua kijana Stephen Lawrence mjini London 1993, aliyeachiliwa huru 1996, alitiwa hatiani 2012. Sisi bado tuko na ile ya awali.

Upande wa pili wa shilingi ni wa aliyefungwa. Huyo, rufaa zikishakwisha, anaweza kuiomba Mahakama Kuu kesi isikilizwe upya, mradi ana ushahidi ulio mpya na mzito. Yote mawili. Mpya bila uzito hautoshi, na mzito uliokuwapo tangu zamani, wakili wako akausahau kwenye droo, hauitwi mpya. Wapo watu ndani ya gereza la Shimo la Tewa wanaoijua ibara hii kwa moyo kuliko mawakili wao, na huandika maombi yao kwa mkono.

Lakini faili la yule mama, na nadhani na lako, ni la aina ya tatu, ambayo ndiyo nyingi: hakuna aliyeshtakiwa kamwe. Mtu alikufa, polisi wakaja, wakaandika, wakaondoka. Sikiliza kwa makini hapa, kwa sababu hapa ndipo penye habari njema ya pekee katika mwongozo mzima. Mauaji hayana muda wa kuisha. Kosa dogo ambalo kifungo chake hakizidi miezi sita hufa lenyewe baada ya mwaka mmoja lisiposhtakiwa. Mauaji hayafi. Mfuko wako wa nailoni umepigwa marufuku, kesi yako haijapigwa.

Mlango wa faili kama hilo unaitwa uchunguzi wa kiini cha kifo. Husikilizwa na hakimu, hadharani, mashahidi wakiapa. Hakuna mshtakiwa, kuna swali tu: huyu alikufaje? Mtu akifia mikononi mwa polisi au gerezani, sheria yenyewe inataka ufanywe. Kwa vifo vingine DPP anaweza kuuagiza. Na kifungu cha 388 cha sheria ile ile ya taratibu za kesi za jinai, ambacho ningekiandika juu ya leso kama kingekuwa na jina zuri, kinampa DPP uwezo wa kumwagiza hakimu aufungue upya uchunguzi uliokwisha kufungwa, akiona kuna haja. Hakimu anaweza kuamuru hata kaburi lifukuliwe. Akimwona mhusika anayejulikana, atatoa hati akamatwe. Asipomjua, ataandika maoni yake na kuyapeleka kwa DPP. Kwa hiyo barua yako isiseme "tunaomba haki", kwani hayo kila mtu anaomba. Iseme: tunaomba uchunguzi wa kiini cha kifo chini ya kifungu hiki, kwa sababu hizi tatu.

Utauliza, mlango huu umewahi kumpitisha mtu? Umempitisha, na hapa hapa Mombasa.

Mei 2012 kijana wa Kiingereza, Alexander Monson, miaka 28, alikamatwa Diani akituhumiwa kuvuta bangi. Usiku mmoja tu, akafa. Polisi wakasema amezidisha dawa za kulevya. Hiyo ingekuwa hatima ya habari, na ya wengi huwa ndiyo hatima. Lakini familia ikaleta madaktari, na madaktari wakaandika kwamba kijana aliumizwa kichwani. Uchunguzi wa kiini cha kifo ukasikilizwa Mombasa. Juni 2018 hakimu akaamua kwamba mikono iliyomuua ni ya polisi. Askari wanne wakashtakiwa. Novemba 2021 Jaji Eric Ogola wa Mahakama Kuu ya Mombasa akawatia hatiani kwa kuua bila kukusudia.

Hesabu mwenyewe: kutoka Mei 2012 hadi Novemba 2021 ni miaka tisa na nusu. Na baba yake marehemu ni Lord. Nadhani umeelewa kwa nini nilikwambia ukae unywe kahawa.

Sasa nikupe jingine, maana usije ukadhani dawa ni kuzaliwa na Lord. Agosti 2014, Kinango, Kwale, polisi waliingia usiku nyumbani kwa watu wakimtafuta jamaa mmoja, wakampiga risasi mtoto wa kike wa miaka 14, Kwekwe Mwandaza. Wakasema aliwajia na panga. Mtoto akazikwa. Kelele zikapigwa, mamlaka ya kuwasimamia polisi, IPOA, ikaingia, mwili ukafukuliwa, ukapasuliwa na kuchunguzwa. Februari 2016 Mahakama Kuu ya Mombasa iliwatia hatiani askari wawili kwa kuua bila kukusudia, wakapewa miaka saba, na mwaka uliofuata Mahakama ya Rufaa ikaikataa rufaa yao. Mwaka mmoja na nusu tu kutoka risasi hadi hukumu, kwa binti wa kijijini asiye na cheo. Jawabu nililolipata mimi, na sidai ni la kila mtu, ni kwamba faili la Kwekwe halikuamshwa. Halikuachwa lilale. Wiki zile za kwanza watu wa Kinango hawakunyamaza, na IPOA ikaja kaburi bado bichi. Kumnyima mtu usingizi ni rahisi kuliko kumwamsha. 

Kwa hivyo ikiwa msiba wako ni wa wiki hii, acha kusoma mwongozo, nenda IPOA kama aliyeua ni askari, na uombe upasuaji wa maiti kabla ya kuzika. Najua ugumu wake. Sisi Waislamu tunataka maiti azikwe kabla jua halijazama, na ni haki yake. Lakini ardhi nayo huhifadhi siri vizuri kupita karani yeyote wa masjala, na kufukua baadaye kunaumiza zaidi. Familia nyingi huweza kupata saa chache za daktari kabla ya sala ya jeneza. Omba daktari wenu awepo, si wa serikali peke yake. Nakala ya ripoti yake ichukueni siku ile ile.

Nasema siku ile ile kwa sababu. Julie Ward, Mwingereza, aliuawa Maasai Mara 1988. Ripoti ya kwanza ya upasuaji ilisema amekatwa kwa kitu chenye makali. Ilipofika mbele ikawa imebadilishwa, ikaelekea kwamba wanyama ndio waliomrarua. Simba wa Mara hawakuwahi kuulizwa. Baba yake, John Ward, akaja Kenya zaidi ya mara 100, akatumia mali yake. Askari wawili wa mbuga wakashtakiwa, wakaachiliwa huru 1992. Mkuu wa askari hao akashtakiwa baadaye, naye akaachiliwa huru 1999. John Ward alifariki 2023 bila jibu. Hoteli za Mara bado zina wageni.

Halafu kuna Agnes Wanjiru wa Nanyuki. Aliuawa Machi 2012, maiti yake ikapatikana ndani ya tangi la maji machafu la hoteli. Alimwacha mtoto mchanga. Novemba 2019 hakimu aliyesikiliza uchunguzi wa kiini cha kifo akasema wazi: aliuawa, na wanajeshi wa Uingereza ndio wanaonyooshewa kidole. Ukidhani kesho yake pingu zilisikika, wewe ni mgeni. Mpaka gazeti la London lilipoandika, miaka miwili baadaye, ndipo wakubwa wakatangaza upelelezi utafunguliwa tena. Septemba 2025 jaji wa Mahakama Kuu jijini Nairobi akatoa hati ya kumkamata aliyekuwa mwanajeshi mmoja wa Uingereza. Miaka kumi na tatu. Mtoto mchanga sasa ni msichana.

Kwa hiyo jihadhari na hili, maana ndilo huwaangusha wengi: uamuzi wa hakimu kwamba mtu wako aliuawa si mwisho wa safari, ni kibali cha kuianza. Padri John Kaiser alikutwa amekufa barabarani karibu na Naivasha Agosti 2000. Wapelelezi wa FBI wakasema alijiua. Agosti 2007 hakimu Maureen Odero akalikataa hilo, akasema ni mauaji, uchunguzi uendelee. Uendelee! Tangu hapo hakuna aliyeshtakiwa.

Hapo tumefika kwenye lugha. Ofisi hizi zina Kiswahili chao, na mtu asiyekijua hupotea kama mtalii aliyeambiwa "ngoja kidogo" Marikiti mchana wa Ijumaa. Ukiambiwa "uchunguzi unaendelea", jua kwamba unaendelea kutofanyika. "Faili liko Nairobi" maana yake aliyekaa mbele yako hajui liko wapi, na Nairobi ni mbali kiasi cha kukutosheleza. "Afisa aliyekuwa na kesi amehamishwa" ni kweli kabisa, daima amehamishwa, sijawahi kusikia afisa wa faili la mauaji aliyebaki kituo kimoja. "Kesi itatajwa tarehe fulani" usivae suti, kutajwa si kusikilizwa, ni kuitana majina tu. Na ukimsikia mkubwa kwenye televisheni akisema hakuna jiwe litakaloachwa bila kugeuzwa, zima. Msemo huo tumeuokota kwa watu wa baridi. Waswahili hatugeuzi mawe ovyo, chini yake mna nge.

Mimi mwenyewe niliwahi kufuatilia jambo la jamaa katika ofisi moja ambayo sitaitaja. Kwa miezi minne niliambiwa faili "limetoka kwa saini". Nikawa nalifikiria kama mtu: limevaa kanzu, limekwenda kwa saini, limemkuta ana wageni, linasubiri ukumbini. Mwezi wa tano karani mpya akalitoa chini ya kabati, mahali lilipozuia mlango usigonge ukuta. Hakuna aliyekuwa amelificha. Lilikuwa linafaa kwa kazi ile.

Utahitaji mashahidi. Hapa Mji wa Kale hatuna upungufu wa mashahidi mpaka waombwe kuandika hati ya kiapo. Barazani muuaji anajulikana kwa jina, kwa babake, kwa rangi ya pikipiki. Mlete kamishna wa viapo na muhuri wake, utashangaa jinsi watu wote walivyokuwa Malindi wiki ile. Usiwacheke, wana sababu. Iko sheria ya kulinda mashahidi tangu 2006, na wakala wake. Lakini uchochoro wetu ni mwembamba, na anayelindwa leo kesho atarudi kununua mkate pale pale. Shahidi wako mmoja aliye tayari kutia saini ana thamani kuliko ishirini wanaojua.

Na utahitaji roho ya kubeba jina la marehemu. Sisemi haya kwa mzaha. Agosti 27, 2012 Sheikh Aboud Rogo alipigwa risasi ndani ya gari lake hapa Mombasa na mji ukawaka moto kwa siku kadhaa. Aprili 1, 2014 Abubakar Shariff, tuliyemwita Makaburi, akapigwa risasi nje ya mahakama ya Shimo la Tewa. Nje ya mahakama. Kikosi maalumu kiliundwa kwa kifo cha Rogo, ripoti ikaandikwa. Hakuna aliyehukumiwa kwa kifo chochote kati ya hivyo viwili. Kuna walioyapenda mahubiri yao na kuna walioyachukia, nami nilikuwa na maoni yangu, lakini sheria ya mauaji haina kifungu kinachouliza kama marehemu alipendwa. Faili la mtu asiyependwa hulala fofofo, na anayeliamsha huulizwa yeye ni nani. Jiandae kuulizwa.

Ukipata bahati ya kesi kuanza, usikae nyuma ukilia tu. Sheria ya Kulinda Waathiriwa ya 2014 inakupa nafasi, na mwaka 2020, katika kesi ya Joseph Lendrix Waswa, aliyeshtakiwa kwa mauaji, Mahakama ya Juu ikasema wakili wa familia ya marehemu anaweza kushiriki, kwa ruhusa ya jaji, bila kugeuka kuwa mwendesha mashtaka wa pili. Watu wengi hawajui. Mwendesha mashtaka akikwambia "mama, tuachie sisi", mwambie ahsante, na wakili wako abaki hapo hapo.

Muda utakaochukua sitakudanganya. Afrika Kusini, Ahmed Timol alianguka kutoka ghorofa ya kumi ya kituo cha polisi Johannesburg Oktoba 1971. Hakimu wa wakati ule akasema alijirusha. Mpwa wake hakukubali, akakusanya karatasi, akatafuta waliokuwa ndani ya jengo lile na bado wako hai. Oktoba 2017 jaji Billy Mothle, baada ya uchunguzi kufunguliwa upya, akatamka kwamba alisukumwa. Polisi mmoja mzee akashtakiwa 2018. Akafa 2021, kesi haijasikilizwa. Mwenye kuona hiyo ni hasara na mwenye kuona hiyo ni ushindi wakutane kwa kahawa. Mimi nimewasikiliza wote wawili na kila mmoja anasema kweli.

Kuhusu gharama, bei haikuandikwa kwenye ubao, kama Marikiti, lakini ipo. Wakili wa bure aombwe kwenye huduma ya msaada wa kisheria kabla hujauza kiwanja cha mirathi. Na yeyote atakayekukuta kwenye ngazi za koti akakwambia anamjua karani, anafanya haraka, ana "mtu ndani", mwambie unakwenda kuswali. Tangu 2024 kesi zinafunguliwa kwa mtandao nchi nzima, na mtandao hauna shemeji. Karatasi zako zibebe vilevile.

Na yule mama wa kibandani? Alinisikiliza mpaka mwisho. Nilimwandikia mambo manne nyuma ya kopi yake iliyoharibika: jina la ofisi ya DPP, neno "kiini cha kifo", namba 388, na "muhuri". Akaisoma polepole, akakunja, akaitia kwenye mfuko wa buluu. Kisha akamwomba kijana ampigie chapa tarehe ile aliyoitaja, siku na saa, kwenye karatasi safi, apate kuipeleka na hiyo. Kijana akapiga. Hakumtoza.

Masjala hufunguliwa saa mbili asubuhi. Kalamu beba yako.